Kibarua asiye na barua

Katika Kiswahili kuna maneno yanayotumiwa na kila mtu kila siku, na kwa sababu hiyo hakuna anayejisumbua kuyauliza yametoka wapi. Mojawapo ni neno kibarua. Katika kurasa za michezo twasoma kwamba timu fulani ina kibarua kigumu siku ya Jumapili. Katika kurasa za siasa twasoma kwamba kibarua cha mkubwa fulani kimeota nyasi. Huko mashambani, hata hivyo, kibarua ni binadamu: ndiye akataye miwa, achumaye majani chai, abebaye mawe na apaliliaye mahindi ya mwenzake, kisha akalipwa jioni. Ni wachache wanaokumbuka kwamba neno hilo limezaliwa na neno barua, na kwamba maana yake ya kwanza ni barua ndogo, yaani kijikaratasi.

Kijikaratasi hicho kilikuwa na kazi yake. Katika miji ya Pwani, mtu wa kazi ya kutwa alipewa hati ndogo ya kuthibitisha kwamba siku ile alifanya kazi na kwamba anastahili ujira. Wanahistoria wanatueleza kuwa katika karne ya 19 wengi wa watu hao, hasa Unguja, walikuwa watumwa waliokodishwa kwa wafanyabiashara, nao walilazimika kumpa bwana wao sehemu ya walichopata. Polepole jina la karatasi likahamia kwa mwenye kuishika. Tunalo pia neno mshahara, ambalo kwa asili yake ya Kiarabu limeshikamana na neno lenye maana ya mwezi. Kwa hiyo tangu zamani lugha yenyewe imetenga watu wawili: mtu wa mshahara, ambaye hesabu yake ni ya mwezi, na kibarua, ambaye hesabu yake huanza jua likichomoza na kwisha likitua.

Kejeli ya historia ni kwamba kibarua wa leo hana barua. Ana jina la karatasi, lakini karatasi yenyewe hana. Nami nashikilia kwamba unyonge wa mfanyakazi wa mashambani hautokani na uchache wa malipo peke yake. Unatokana pia na kukosa maandishi, na hasa maandishi yaliyo katika lugha anayoielewa. Sheria ya Kenya imekwisha kumpa haki ya maandishi hayo. Waliobaki kumtimizia ni waajiri, serikali na, kwa masikitiko nasema, vyama vya wafanyakazi vyenyewe.

Tuchukue mfano wa Nyamarambe, katika Mugirango Kusini, kaunti ya Kisii. Eneo hili liko kwenye makutano ya watu na lugha. Upande mmoja wako majirani Waluo wa Migori na Homa Bay. Upande mwingine ni Transmara. Watu hulima ndizi, mahindi na miwa, na miwa hiyo huelekea viwandani, kikiwemo kiwanda cha SONY kilichoanzishwa Awendo mwaka 1976. Hapo karibu pana Tabaka, ambako mawe laini huchimbwa na kuchongwa vinyago vinavyouzwa hadi Ulaya na Marekani. Wanaume kwa kawaida huchimba na kuchonga; wanawake wengi hupiga msasa na kung'arisha, wakilipwa kwa kila kinyago kinachokamilika. Nyumbani huzungumzwa Ekegusii. Sokoni na kazini, mahali ambapo mkata miwa hajui lugha ya mama ya mwenziwe, huzungumzwa Kiswahili. Ni pale tu jambo linapoandikwa ndipo Kiingereza kinapoingia. Katika mazingira kama haya mtu aweza kumfanyia kazi tajiri mmoja kwa miaka mitano, hata kumi, na muda wote huo akaitwa kibarua.

Haikuwa hivyo tangu awali. Zamani za mababu, kazi kubwa ya shamba miongoni mwa Abagusii ilifanywa kwa risaga, ambapo majirani walialikwa kulima kisha wakanyweshwa pombe na mwenye shamba, au kwa egesangio, kikundi kidogo kilichozunguka kutoka shamba hadi shamba. Hakukuwa na maandishi, wala hayakuhitajika, kwa maana mashahidi wa deni la kazi walikuwa kijiji kizima. Aliyelimiwa leo alijua kesho ni zamu yake kulima.

Waingereza walipoishambulia Gusii kwa bunduki mwaka 1905 na tena mwaka 1908, nyuma ya askari ilikuja kodi ya kibanda, na kodi ilidai fedha taslimu. Fedha zilipatikana kwa tajiri. Sheria ya Mabwana na Watumishi ya mwaka 1906 ilikuwa imekwisha kufanya kuacha kazi kabla ya muda kuwa kosa la jinai. Ikafuata sheria ya kuwaandikisha Waafrika ya mwaka 1915, ambayo ilianza kutekelezwa baada ya Vita Vikuu vya Kwanza na kuleta kile kilichoitwa kipande. Mwanamume Mwafrika alitakiwa kubeba hati yenye alama za vidole vyake, jina la tajiri wake na kiwango cha malipo, ndani ya kijaluba cha chuma ambacho wengi walikining'iniza shingoni. Mashamba ya chai ya Brooke Bond na James Finlay yalipofunguliwa Kericho katikati ya miaka ya 1920, Abagusii wakawa miongoni mwa waliomiminika huko na vipande vyao.

Hebu msomaji apime tofauti ya karatasi hizi mbili. Kibarua kilikuwa hati ya mfanyakazi kumdai tajiri. Kipande kilikuwa hati ya tajiri kumdhibiti mfanyakazi. Tajiri wa kwanza aliandika humo kiasi alicholipa, na tajiri wa pili aliposoma hakuona sababu ya kulipa zaidi. Wengi wa walioibeba hati hiyo hawakuweza kuisoma. Si ajabu basi kwamba kipande, pamoja na hatua ya walowezi ya kupunguza mishahara mwaka 1921, vilikuwa miongoni mwa malalamiko yaliyomwinua Harry Thuku na wenzake hadi yakatokea mauaji ya Nairobi ya Machi 1922.

Mishahara yenyewe ilikuwa duni kwa sababu ambayo haikufichwa. Serikali ya kikoloni ilimhesabu mfanyakazi kuwa mwanamume asiye na familia. Mke na watoto walidhaniwa kuwa wanalishwa na shamba la nyumbani. Kwa lugha nyepesi, mwanamke aliyelima wimbi Mugirango Kusini alikuwa akimlipia tajiri wa Kericho sehemu ya mshahara wa mumewe, tena bila kujua. Mwaka 1954 Kamati ya Carpenter iliyochunguza mishahara ya Waafrika ilikubali kwamba mpango huo haufai, ikapendekeza mshahara ukadiriwe kwa mahitaji ya mtu mwenye familia.

Lakini fikra hazifi siku moja na ripoti. Agizo la mishahara la mwaka 2022 lilimwekea mfanyakazi wa shambani asiye na ujuzi kiwango cha chini cha Sh7,544.66 kwa mwezi, ilhali mfanyakazi wa kawaida katika jiji kama Nairobi aliwekewa Sh15,201.65. Ataniambia mtu kwamba maisha ya mjini ni ghali, nami nitakubali. Hata hivyo, nyuma ya tofauti kubwa kiasi hicho naisikia bado sauti ile ya kale: huyu ana shamba nyumbani. Shamba lipi? Sensa ya mwaka 2019 ilihesabu katika kaunti ya Kisii watu zaidi ya 950 kwa kila kilomita moja ya mraba. Shamba la babu limegawanywa kwa wana, likagawanywa tena kwa wajukuu, hata sasa wako wasiorithi zaidi ya mahali pa kujenga nyumba na kupanda migomba michache. Ile ruzuku iliyotoka jikoni kwa mama imekwisha, lakini mshahara bado unahesabiwa kana kwamba ipo.

Hapa ndipo yafaa tuitazame Mombasa, kwa maana ndiko Kenya ilikowahi kujaribu kuufuta ukibarua. Kabla ya Vita vya Pili vya Dunia, kazi ya kupakia na kupakua meli ilifanywa na watu wa kutwa. Wengi wao hawakuwa wanyonge kama tudhaniavyo. Walikuwa na mashamba au ndugu wenye mashamba, wakafanya kazi siku walizotaka. Mtu asiye na kazi ya kudumu hana pia kazi ya kupoteza, kwa hiyo haogopi kugoma. Waligoma mwaka 1934, wakagoma tena mwaka 1939. Kisha tarehe 13 Januari 1947 ikaja ile tufani: watu wapatao 15,000 wa bandarini, reli, hotelini na majumbani waliacha kazi kwa siku kumi na mbili. Walikutana kila siku katika uwanja walioubatiza Kiwanja cha Maskini. Walikuwa Wamijikenda, Wajaluo, Wakikuyu, Wakamba, Waswahili na wengineo, na lugha iliyowaunganisha ilikuwa Kiswahili. Chege Kibachia, aliyeongoza shirikisho lao, alikamatwa mwaka huo huo akahamishiwa Kabarnet.

Serikali ilimfunga kiongozi lakini somo ililipata. Ilitambua kwamba kibarua, mtu wa leo hapa na kesho kule, hatawaliki. Kwa hiyo katika miaka ya 1950 watu wa bandari waliandikishwa, idadi yao ikawekewa mipaka, na hatua kwa hatua wakageuzwa kuwa wafanyakazi wa kudumu. Tom Mboya alipoingilia kati mgomo wa bandari wa mwaka 1955, alikuta watu ambao sasa wangeweza kujadiliana kwa pamoja, kwa sababu walijulikana ni nani na ni wangapi. Faida ilikuwa ya pande zote mbili.

Nasisitiza jambo hili kwa sababu kuna wanaosema kwamba ukibarua ni desturi ya nchi, ni tabia ya kilimo, haubadiliki. Bandarini ulibadilika. Tena ulibadilika chini ya mkoloni, ambaye hakuwa na huruma ya kupindukia. Isitoshe, kibarua wa Nyamarambe wa leo ni tofauti kabisa na yule wa Mombasa wa mwaka 1939. Yule alikuwa na shamba la kurudia, na kwa hiyo alikuwa na nguvu ya kusema hapana. Huyu hana shamba, na nyuma yake wamesimama vijana wengine kumi wakingoja nafasi yake. Neno ni lile lile. Nguvu iliyokuwamo ndani yake imetoweka.

Sasa tuitazame sheria. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inamfafanua kibarua kuwa mtu anayelipwa mwisho wa kila siku na ambaye haajiriwi kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Hayo ndiyo maisha yote ya kibarua kisheria: saa 24. Kifungu cha 37 kinaendelea kusema kwamba akifanya kazi mfululizo kwa siku ambazo jumla yake haipungui mwezi mmoja, au akipewa kazi ambayo kwa makadirio ya haki itachukua miezi mitatu au zaidi, atahesabiwa kuwa analipwa kwa mwezi na atastahili notisi. Akipita miezi miwili ya kazi mfululizo, masharti yake yatakuwa sawa na ya mtu ambaye hakuanza kama kibarua. Kwa maneno mengine, bunge lilifanya kile ambacho sisi wa isimu huwa tunakitazama kwa mshangao: lilimbadilisha mtu jina kwa sheria. Baada ya mwezi mmoja kibarua anakuwa mtu wa mshahara, awe anajua au hajui.

Tatizo ni hilo la kutojua. Sheria hiyo hiyo, katika kifungu cha 9, inataka mkataba wa miezi mitatu au zaidi uwe wa maandishi. Inasema zaidi: ikiwa mfanyakazi hajui kusoma, au haielewi lugha ambayo mkataba umeandikwa, mwajiri analazimika kumfafanulia mkataba huo kwa lugha anayoielewa. Inataka pia haki za mfanyakazi zibandikwe mahali pa wazi. Ni mara ngapi mkata miwa amefafanuliwa mkataba kwa Ekegusii, kwa Dholuo au hata kwa Kiswahili? Mara nyingi hata huo mkataba haupo. Pale ulipo, huwa kurasa za Kiingereza ambazo mwisho wake ni nafasi ya dole gumba. Karne moja baada ya kipande, bado kuna watu wanaobeba karatasi wasizoweza kuzisoma.

Na jina lina gharama yake. Kifungu kinachomtaka mwajiri atoe taarifa ya maandishi ya mshahara na makato hakimhusu kibarua wala mtu anayelipwa kwa kipande. Mama anayepiga msasa vinyago hana kumbukumbu yoyote ya alichochuma mwezi jana, na asiye na kumbukumbu hana ushahidi. Aidha, Sheria ya Uhusiano wa Kikazi ya mwaka 2007 inamlazimu mwajiri kukitambua chama pale tu kinapowakilisha zaidi ya nusu ya wafanyakazi wanaostahili kujiunga. Mwajiri akiweza kusema kwamba theluthi mbili ya watu wake ni vibarua wa kupita, chama kitafikaje huko? Kila mtu anayeendelea kuitwa kibarua baada ya muda wake kisheria ni mwanachama mmoja aliyepotea.

Hapa sina budi kuwageukia viongozi wa vyama. Chama cha Wafanyakazi wa Mashamba makubwa na Kilimo kipo tangu mwaka 1963, na COTU iko tangu mwaka 1965. Si haba yaliyofanyika katika mashamba makubwa ya chai. Lakini mikataba ya pamoja huandikwa kwa Kiingereza, huhifadhiwa katika makabati ya ofisi, na mwanachama hupata habari zake kwa uvumi. Tuwatazame walimu kwa mfano. Mgomo wao wa mwaka 1997 ulizaa nyongeza iliyochapishwa katika Notisi ya Kisheria Nambari 534 ya mwaka huo. Serikali ilipojaribu kuikwepa ahadi, mwalimu wa kijijini aliweza kuitaja notisi hiyo kwa nambari yake. Madai hayo yaliishi miaka mingi kwa sababu yaliandikwa, na kwa sababu walioandikiwa waliweza kuyasoma. Je, ni mchuma chai gani awezaye kutaja kipengele kimoja cha mkataba uliotiwa saini kwa niaba yake?

Zipo hoja mbili za upinzani ambazo hazifai kupuuzwa. Ya kwanza ni ya waajiri. Wanasema kwamba wakibanwa kuwaajiri watu kwa mwezi, wataajiri wachache au watanunua mashine. Si hoja ya kubezwa. Tumeona Kericho jinsi mashine za kuchuma chai zilivyozua ghadhabu hadi zikateketezwa Mei 2023. Mkulima mdogo wa Nyamarambe, ambaye naye hulipwa fedha za miwa kwa kuchelewa, hawezi kubebeshwa mzigo sawa na wa kampuni. Lakini ninachodai hapa si nyongeza ya mshahara. Ni ukurasa mmoja wenye jina la mtu, siku aliyoanza kazi, kiasi anacholipwa na jinsi ya kuachana. Gharama yake ni kalamu na karatasi. Anayekataa hata hilo haogopi gharama. Anaogopa ushahidi.

Hoja ya pili yanihusu zaidi. Husemwa kwamba Kiswahili hakina istilahi za mambo ya kazi. Hili si kweli. Tanzania ina Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, na mwaka 2021 ilifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama. Mapatano ya pamoja kati ya chama na mwajiri huitwa huko mkataba wa hali bora. Lipo jina zuri kuliko hilo? Linamwambia mfanyakazi, kwa maneno manne, karatasi ile ni ya nini. Nasi Kenya hatuna kisingizio, kwani Katiba ya mwaka 2010 inakitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa na pia lugha rasmi, na ibara yake ya 41 inampa kila mfanyakazi haki ya malipo ya haki, ya kujiunga na chama na ya kugoma. Haki iliyoandikwa kwa lugha isiyosomwa na mwenyewe ni kama chakula kilichowekwa juu ya dari.

Mapendekezo yangu ni machache. Kwanza, Wizara ya Leba ichapishe mfano wa mkataba mfupi wa kazi za shamba, kwa Kiswahili, ambao mwajiri yeyote aweza kuujaza, na maagizo ya mishahara yatolewe kwa Kiswahili siku ile ile yanapotolewa kwa Kiingereza. Pili, maafisa wa leba wanapokagua mashamba na viwanda waulize swali moja la ziada: mkataba huu ulifafanuliwa kwa lugha gani, na nani shahidi? Tatu, vyama vya wafanyakazi viwe na desturi ya kusoma mkataba wa hali bora hadharani, kwa Kiswahili na kwa lugha ya wenyeji, kabla ya kutia saini na baada yake. Nne, vyuo vikuu vyetu, ambavyo hutoa wahitimu wa isimu na tafsiri kila mwaka, viwatume vijana hao Nyamarambe, Awendo na Kericho badala ya kuwaacha watafsiri riwaya ambazo zimekwisha kutafsiriwa.

Haya hayatampa mkata miwa ekari moja zaidi, wala hayatapandisha bei ya kinyago. Yatampa kitu ambacho hata mtu wa kutwa wa Pwani wa karne ya 19, katika unyonge wake wote, alikishika mkononi jua likitua: uthibitisho kwamba alifanya kazi na kwamba anadai. Kibarua apewe barua yake, na iandikwe kwa maneno anayoyajua.